Elfu Hamsini na Tatu ya Kuvunjika

Mimi ni mtu wa hasira, sikatai. Wateja wangu wanajua. Ukiniletea kitambaa cha mita mbili ukataka gauni la mita nne, nitakwambia ukweli wako hapo hapo, na ukinuna, mlango uko wazi. Mume wangu ndiye mpole. Ni fundi wa kuweka vigae, na mtaa mzima unamwita Fundi, hata mimi mkewe. Watoto wetu pacha walipokuwa wadogo nao walimwita hivyo mpaka tukawakataza. Ni mtu wa maneno kumi kwa siku, na saba kati ya hayo ni vipimo.

Tunakaa kwenye nyumba ya mkopo wa benki, mwaka wa saba sasa. Vyumba vitatu, sebule, jiko lenye dirisha linalotazama ukuta wa jirani, na kibaraza ambapo nimeweka cherehani yangu. Sakafu ni saruji tupu. Naam, nyumba ya fundi vigae haina kigae isipokuwa chooni, na vya chooni vyenyewe ni masalio ya rangi tatu tofauti. Wageni wakiona hucheka. Mimi sikuwa nacheka. Kila mwaka nilimuuliza, "Fundi, sebule yangu lini?" na kila mwaka alijibu, "Mwakani." Mganga hajigangi, najua, lakini mimi ndiye niliyekuwa napiga deki hiyo saruji.

Mwaka jana magoti yake yakaanza. Hakusema. Nilikuja kujua siku alipopiga magoti bafuni kuzibua tundu la maji, nikamsikia ananiita kwa sauti ndogo, "Mama Pacha, hebu njoo mara moja." Nikamkuta chini, ameshika ukingo wa ndoo, hawezi kuinuka. Kwanza nilimcheka, maana alikaa kama mtu anayeniomba radhi, na makosa yake nilikuwa nayo mengi kichwani. Nilipomshika kwapani kumwinua nikaona jasho limemtoka usoni. Nikamfuta kwa kanga yangu. Mficha maradhi kifo humuumbua, nilimwambia baadaye, nikaendelea kumwambia wiki nzima, asubuhi na jioni, mpaka akakubali kwenda kwa daktari ili tu nipumzishe mdomo.

Daktari akasema magoti yamelika. Miaka thelathini ya kupiga magoti kwenye sakafu za watu si mchezo. Apunguze kazi hiyo kwa nusu, akasema, la sivyo miaka michache ijayo atakuwa mtu wa mkongojo. Fundi akaitikia "sawa daktari" kwa adabu, na kesho yake saa moja asubuhi nikamkuta anafunga begi la vifaa.

"Unakwenda wapi?"

"Kazini."

"Daktari kasema nini?"

"Daktari halipi benki," akasema, akaondoka.

Hapo alinikata kauli, na si watu wengi wanaoweza. Kwa maana hesabu yetu ilikuwa hivi. Kila mwezi benki inataka laki tano na themanini elfu. Ndivyo Fundi alivyoniambia tangu siku ya kwanza. Mimi natoa laki mbili za cherehani, yeye anaongeza zilizobaki, na tarehe mbili anazipeleka mwenyewe dirishani. Karatasi za mkopo anaziweka yeye, ndani ya begi la vifaa, pamoja na pimamaji na penseli. Sasa kazi ikipungua nusu, hiyo laki tatu na themanini itoke wapi? Tukikosa kulipa, nyumba inakwenda. Akiendelea kupiga magoti, nyumba itabaki lakini mwenyewe atakuwa anatambaa ndani yake. Nilikosa usingizi kwa jambo hilo, na mimi huwa nalala kama gogo.

Dawa akatuletea wifi yangu, dada yake Fundi, mwanamke mwenye ushauri kwa kila jambo ambalo hajawahi kulifanya.

"Ombeni benki iwaongezee muda," akasema, huku akijimiminia chai yangu. "Mkiongezewa miaka, rejesho la kila mwezi linashuka. Mtapumua."

Kwa mara ya kwanza katika maisha yangu nikaona wifi amesema jambo la maana. Tukaenda benki siku ya Jumanne, Fundi amevaa shati lake la kola, mimi nimebeba mkoba wenye vitambulisho vyetu, yeye begi lake la vifaa lenye karatasi zote.

Tulipewa namba, tukakaa kwenye viti vya chuma vilivyoungana. Watu wengine walikuwa wanatazama namba ukutani. Fundi alikuwa anatazama sakafu. Baada ya muda akagonga kigae kimoja kwa kisigino, akasikiliza.

"Hiki kiko wazi chini," akaninong'oneza. "Gundi haikuenea. Mtu wa kiatu kirefu akikanyaga, kinapasuka."

"Fundi, tumekuja kwa jambo jingine."

"Nakwambia tu."

Afisa wa mikopo alikuwa binti wa umri wa pacha wetu, miwani imening'inia kifuani kwa kamba. Alitupa shikamoo, akatukaribisha, akasikiliza habari ya magoti bila kuangalia saa. Nikampenda, ingawa sikuwa nimekwenda kupenda watu. Akabonyeza kompyuta yake, akasema inawezekana. Miaka ishirini na mitano kuanzia sasa, na rejesho litashuka hadi laki nne na sabini na tatu elfu. Akatoa fomu kutoka kwenye mashine, bado ina joto, akaweka alama mbili za kalamu.

"Baba saini hapa, na mama hapa."

Fundi akasaini. Akanisogezea kalamu, ile iliyofungwa kwa uzi mezani isiibiwe. Nikaishika. Moyo wangu ulikuwa mwepesi kabisa. Nilikuwa tayari nampigia hesabu za kazi nusu na nyama ya Jumapili.

Lakini mimi ni mshonaji. Sikati kitambaa kabla sijakitandaza chote juu ya meza, mwanzo mpaka mwisho, nikione. Siku moja tu nilivunja mwiko huo, nikakata suti ya bwana harusi nikakosa mkono mmoja, na sitaki kukumbuka yaliyofuata. Basi nikaiweka kalamu chini.

"Mwanangu," nikamwambia yule binti, "usinipe ya mwezi mmoja. Nipe yote. Kuanzia leo mpaka siku mtakayotupa hati yetu, tutakuwa tumewalipa kiasi gani?"

Akavaa miwani, akabonyeza, akageuza kioo cha kompyuta ili tuone.

"Milioni mia moja na arobaini na moja, na ushee."

Nilidhani amekosea. Tulikopa milioni arobaini. Nikamwambia tulikopa arobaini, na kwa miaka hii sita tumeshatoa arobaini na moja, naijua hesabu hiyo kama jina langu, kwa hiyo mkopo wenyewe tumeshaurudisha, tunadaiwa vikorombwezo tu.

"Mama," akasema taratibu, "mnadaiwa milioni thelathini na sita na laki tisa."

"Bado?"

"Bado."

Kisha akatuchorea. Hilo nitamshukuru nalo mpaka kesho, kwamba alichukua karatasi nyeupe badala ya kutusomea kanuni. Kila mwezi, akasema, riba inahesabiwa juu ya deni lililobaki. Mwanzoni deni ni kubwa, kwa hiyo riba ni kubwa. Mwezi wetu wa kwanza, karibu laki tano nzima ilikuwa riba, na kilichopunguza deni lenyewe kilikuwa elfu ishirini na saba tu. Miaka sita ya kulipa, deni limepungua milioni tatu na kidogo. Ukiongeza miaka, unapunguza kila mwezi elfu hamsini na kitu, lakini unakaa ndani ya riba muda mrefu zaidi. Tukiendelea kama tulivyo tutamaliza baada ya miaka kumi na minne, tukiwa tumetoa milioni themanini na nane nyingine. Tukisaini ile fomu, mia moja na arobaini na moja.

Nikapiga hesabu nyingine ambayo haikuwa kwenye kompyuta yake. Fundi ana miaka hamsini na minne. Kumi na minne juu yake ni sitini na minane. Ishirini na mitano ni sabini na tisa. Nikamuona mume wangu ana miaka sabini na tisa, amepiga magoti kwenye sebule ya mtu, anapaka gundi. Kukopa harusi, kulipa matanga. Msemo huo nilikuwa nausema kwa mzaha tangu nikiwa msichana, na sasa ulikuwa unanihusu mimi.

"Elfu hamsini na kitu tu ndiyo inayopungua?" nikauliza. "Kutoka laki tano na themanini mpaka laki nne na sabini na tatu ni zaidi ya laki moja."

Binti akaangalia kioo. "Rejesho lenu si laki tano na themanini, mama. Ni laki tano na ishirini na saba."

Nikageuka kumtazama Fundi. Alikuwa anatazama viatu vyake.

Nitasema ukweli, kwa kuwa nimeanza kuusema. Hasira iliyonipanda pale ilikuwa ya miaka sita kwa mkupuo. Elfu hamsini na tatu kila mwezi. Mimi nageuza kola za mashati ya watu, nashona mpaka vidole vinaota sugu, mtu ananidanganya rejesho. Kichwani mwangu nilikuwa nimeshamjengea mwanamke mwingine nyumba, nimeshamuwekea na vigae sebuleni.

"Fundi," nikasema, na yule binti akasogeza kikombe chake cha chai mbali na mkono wangu. "Hela hiyo inakwenda kwa nani?"

"Benki," akasema.

"Benki gani?"

"Hii hii. Zote nazileta hapa." Akamwelekea binti. "Si ndiyo? Laki tano na themanini, kila tarehe mbili. Risiti zipo."

Na zilikuwepo kweli, ndani ya begi, sabini na mbili, zimebanwa kwa mpira, zina vumbi la saruji. Nikazitazama moja moja. Laki tano na themanini. Laki tano na themanini.

"Sasa ya zaidi ni ya nini?" nikauliza.

Fundi akanitazama kana kwamba nimemuuliza maji ni ya nini. "Ya kuvunjika," akasema.

Hapo ndipo alipotumia maneno yake ya siku tatu. Akamweleza binti kwamba kazi ya vigae haina hesabu kamili. Sakafu ikihitaji maboksi mia moja, fundi mwenye akili anamwambia mwenye nyumba anunue mia na kumi. Hamwambii mia za kuweka na kumi za kuvunjika, anamwambia mia na kumi, basi, kwa sababu ukimtajia hizo kumi atataka kuziokoa, na siku kigae kikivunjika kazi imesimama. Zile kumi zinakaa pembeni. Kazi ikiisha zinahesabiwa, zilizobaki ni za mwenye nyumba. Basi walipomwambia rejesho ni laki tano na ishirini na saba, akaongeza sehemu yake ya kumi kama kawaida, ikawa laki tano na themanini. Siku akiumwa, siku kazi ikikosekana, benki inayo ya kuvunjika. Na zikibaki, mwisho wa kazi watatuhesabia.

"Na mimi ungeniambia lini?" nikamuuliza.

"Nilikwambia. Nilikwambia laki tano na themanini."

Ubaya wa Fundi ni huo, kwamba hakudanganya. Alinifanya mimi mwenye nyumba.

Binti alikuwa ameshavua miwani na kuivaa tena mara mbili. Akaomba dakika tano, akaenda chumba cha nyuma. Tukabaki sisi wawili na ile fomu yenye saini moja. Nilikuwa namfikiria yule mwanamke niliyemjengea nyumba, nikaona aibu, kisha nikakasirika kwa kuona aibu.

Binti aliporudi alikuwa na karatasi moja ndefu, na uso umembadilika.

"Zipo," akasema. "Zote. Mkataba unasema malipo ya ziada hayapunguzi deni mpaka mteja aandike kwa mkono wake kwamba yapunguze deni. Kwa kuwa baba hakuandika, mfumo uliziweka pembeni kila mwezi, kwenye akaunti ya kusubiri. Zimefika milioni tatu na laki nane."

"Zinasubiri nini?" nikauliza.

"Maelekezo yenu, mama."

"Miaka sita?"

Nikamwambia mawili matatu ambayo sitayarudia, kuhusu watu wanaokalia fedha ya mtu kama kuku anayeatamia huku wakimtoza riba mwenye yai. Akaniacha nimalize. Akasema angeweza kunisaidia kuandika malalamiko, lakini la leo hii, la haraka, ni kuzielekeza hizo fedha kwenye deni. Akakaa, akabonyeza, akageuza kioo tena.

Deni likashuka mpaka milioni thelathini na tatu na kidogo. Nililiona likishuka kwa macho yangu.

"Mkiendelea na laki tano na themanini," akasema, "na safari hii ya ziada ipunguze deni kila mwezi, mtamaliza kwa miaka minane na miezi mitano. Si kumi na minne. Jumla mtakayotoa kuanzia leo ni kama milioni hamsini na nane."

Kutoka themanini na nane. Nikamuuliza mara tatu, akanihesabia mara tatu. Milioni thelathini zimetoka mabegani mwetu tukiwa tumekaa tu mbele ya meza ya binti. Nilitaka kusema jambo nikaona machozi yananitoka, na mimi silii mbele za watu, nikasingizia feni.

"Na kama hatuwezi laki tano na themanini?" akauliza Fundi. "Magoti haya."

"Mkilipa ile ile ya mkataba bila ziada, miaka kumi na miezi minne. Na hiyo nafuu ya elfu hamsini na kitu mliyokuja kuitafuta mtakuwa mmeipata, bila kuongeza hata mwaka."

Fundi akafikiri. Nikajua anachofikiri: anapima ni sakafu ngapi zitaleta laki tano na themanini. Nikamuwahi.

"Wewe utapunguza kazi kama daktari alivyosema," nikamwambia. "Utatoa ya kufikisha mkataba, basi. Hiyo ya kuvunjika ni yangu. Nitaishona."

"Utaishonaje?"

"Nguo za watoto wa shule. Mimi kila sketi naacha upindo wa vidole vinne, mtoto akikua mama yake analeta nifungue, na kufungua upindo nilikuwa nafanya bure. Kuanzia mwezi huu si bure."

Akacheka. Kicheko cha Fundi ni pumzi tu inayotoka puani, lakini mimi naisikia. Nikachukua ile fomu ya miaka ishirini na mitano, nikaichana katikati, kisha nikaichana tena, na binti akanisogezea kikapu cha taka. Akanipa karatasi tupu. Nikaandika kwa mkono wangu, kwa herufi ambazo hata kipofu angezipapasa: kila fedha ya ziada tunayoleta, leo na siku zote, ipunguze deni la msingi. Tukasaini wote wawili. Akagonga mhuri.

Wakati wa kuondoka Fundi alishika ukingo wa meza, akainuka kwa awamu mbili, nami nikamshika kiwiko. Mlangoni alisimama, akarudi kwa mlinzi, akamuonyesha kile kigae kilicho wazi chini, akamwambia wakitoe kabla hakijamuumiza mtu. Nje niliuliza kwa nini hakuwatoza hela ya ushauri. Akasema wenye benki watakuwa na fundi wao, yeye amewaonyesha tu.

Njiani nilimwambia habari ya yule mwanamke niliyemjengea nyumba kichwani. Niliona ni haki yake kujua.

"Sebuleni nilimuwekea vigae gani?" akauliza.

"Vyeupe. Vikubwa."

"Vyeupe vinaonyesha uchafu," akasema Fundi, na nilicheka mpaka nikashika ukuta wa watu.

Siku hizi hachukui kazi za sakafu isipokuwa chumba kidogo. Anachukua kuta za majiko na mabafu, kwa sababu ukuta unauweka umesimama. Hela imepungua lakini inatosha. Wifi amesikia kwamba hatukuongeza muda, akanuna, kisha akaanza kuwaambia watu kwamba yeye ndiye aliyetutuma benki. Ni kweli alitutuma, nimemuachia.

Tarehe mbili iliyopita nilikwenda dirishani mwenyewe na elfu hamsini na tatu yangu, noti za wateja zilizokunjwakunjwa. Karani akasoma maelezo niliyoandika, akauliza kama hiyo ni ya mwezi ujao.

"Hapana mwanangu," nikamwambia. "Ni ya magoti."

Hakuelewa, akagonga mhuri hivyo hivyo.

Niliporudi nyumbani nikamkuta Fundi jikoni. Sakafu ni saruji ile ile, na sijamuuliza tena lini. Lakini ukuta wa nyuma ya jiko langu, ule uliokuwa mweusi kwa moshi, ulikuwa na vigae kuanzia usawa wa meza mpaka juu ya dirisha, vya kijani hafifu, vyote rangi moja. Alikuwa anafuta gundi kwenye kingo kwa kitambaa nilichokuwa nimekitupa.

"Ukuta naufikia nikiwa nimesimama," akasema, kabla sijafungua mdomo.

Na kweli alikuwa amesimama, wima, mikono juu. Nikakaa kwenye kigoda nikamtazama mpaka akamaliza. Mezani vilibaki vigae vitatu.

"Na hivi?" nikauliza, ingawa nilijua.

"Vya kuvunjika," akasema, akanipa nikaviweke.